Mkanda wa Theluji Ulipogeuka

Jumatatu Lorna Zielinski alifunga shule, na jua likawaka.

Wala si jua la kubahatisha. Liliwaka tangu asubuhi mpaka jioni, mbingu buluu kama sahani ya kauri, na theluji ya wiki iliyopita ikimetameta juu ya mapaa. Watoto wa Harlow Mills, ambao wazazi wao walikuwa wameambiwa wawafungie ndani kwa sababu ya dhoruba, walishinda kilimani wakiteleza na vibao vyao na kupiga kelele za furaha. Dhoruba ilikuwepo, tena kubwa. Ila ilimwagikia kusini, kwa wilaya ya jirani, ambayo nayo ilikuwa imefungua shule.

Ndivyo lilivyo Ziwa Ontario majira ya baridi. Upepo wa barafu ukivuka maji ambayo bado hayajaganda, huunyanyua mvuke wake na kuusokota uwe mkanda mmoja wa wingu, mrefu na mwembamba, na mkanda ule ukifika nchi kavu hupanda nyanda za Tug Hill na kumwaga theluji mahali pamoja tu, kama mtu aliyepasukiwa na gunia la unga. Nyumba hii inafukiwa hadi madirishani. Nyumba ya ng'ambo ya bonde, watu wameanika nguo. Upepo ukigeuka kidogo, mkanda nao unageuka. Kwa hiyo mkurugenzi wa shule za Harlow Mills ana kazi nyingi, lakini kazi anayopimwa nayo ni moja: kukisia, kabla hakujakucha, mkanda utamwangukia nani leo.

Jioni ya Jumatatu Lorna aliingia dukani kununua maziwa na mayai. Alitamani sana asimkute mtu. Akawakuta wote. Duane LaFave, mkuu wa malori ya kusukuma theluji, alikuwa amesimama pale penye birika la kahawa, kofia yake ya sufi imekaa upande, na wenzake wamemzunguka.

"Karibu, mkurugenzi," alisema Duane. "Pole na jua. Umejipaka mafuta lakini?"

"Duane, niache ninunue maziwa yangu."

"Aa, mimi nakuonea huruma tu. Tazama pua yangu ilivyoungua! Muuzaji, hebu mpe dada yetu chupa moja ya mafuta ya jua, nalipa mimi."

Watu wakacheka hadi kahawa ikamwagika. Lorna naye akacheka, maana usipocheka wanajua wamekupata. Lakini mama mmoja aliyekuwa kwenye foleni na kikapu chake hakucheka.

"Mimi leo sikwenda kazini, Lorna," alisema. "Sina wa kuniangalizia watoto. Na siku za akiba za kufunga kwa theluji ndizo hizo zimekwisha, si ndiyo?"

"Zimekwisha," alijibu Lorna.

"Kwa hiyo ukifunga tena unakata likizo ya Pasaka. Sisi tumeshaahidi kwenda kwa mama yangu. Ni mgonjwa."

"Najua, mama. Nitajitahidi."

Alirudi nyumbani na maziwa, mayai akayasahau. Kile kicheko kiliingia naye ndani, kikakaa naye mezani, kikalala naye.

Jumanne alfajiri ilimkuta ameshika simu. Utabiri wa redio ulisema mkanda umekaa kaskazini na utakaa huko mpaka jioni, ndipo ushuke. Duane, ambaye alikuwa ameshazunguka barabara zote, alimwambia ni safi. "Lakini usiniulize mimi habari za theluji," aliongeza. "Siku hizi mimi ni mtu wa pwani."

Lorna akafungua shule.

Sasa, pale Harlow Mills kila mtoto anajua namna ya kuita theluji. Ukitaka shule ifungwe, usiku unavaa nguo za kulalia nje ndani, unatupa vipande vya barafu chooni, na unaweka kijiko chini ya mto wa kulalia. Si kijiko chochote. Watoto wa majira yale walikuwa wamekubaliana, nani aliyeanza haijulikani, kwamba kijiko chenye nguvu ni kile kilichoibwa jikoni shuleni. Kwa hiyo asubuhi ile, kengele ya kwanza ilipokwisha kulia, Bernadette mpishi aliingia ofisini kwa Lorna akiwa na mwiko mkononi, na aproni imefungwa kwa hasira.

"Mama mkurugenzi, leo ni supu ya nyanya na mkate wa jibini."

"Vizuri, Bernadette."

"Vizuri wapi! Watakunywa kwa uma? Vijiko vimekwisha. Wiki iliyopita nilikuwa na trei nzima. Leo nina vijiko ambavyo hata walimu havitawatosha."

Lorna akajua viko wapi. Hata yeye, alipokuwa na meno ya utoto, alilalia kijiko. Alishika kipaza sauti cha shule nzima, akasema kwa ile sauti yake ya upole wenye makali, "Watoto wangu, habari za asubuhi. Nimepata habari kwamba vijiko vya Bibi Bernadette vimetembea. Sitaki kujua nani. Kesho kila mtu aje na chake. Na kama unacho hapa leo kwenye begi, na najua mnavyo, mnatembea navyo kama hirizi, wakati wa chakula ukirudishe kwenye ndoo mlangoni. Yaishe."

Kutoka madarasani kulisikika kicheko cha chinichini. Bernadette alitikisa kichwa, akaenda zake.

Ndipo Lorna akageuka dirishani.

Ofisi yake ilikuwa juu, upande wa magharibi, na siku ya mwangaza kama ile uliweza kuona mbali hadi ufukweni, kwenye ule mnara mkubwa wa kiwanda cha umeme unaotoa mvuke mweupe mchana na usiku. Watu wa kule hutazama mvuke ule kama watu wengine wanavyotazama saa. Ukilalia kaskazini, mkanda uko kaskazini, tembea zako. Ukilalia kwako, ingia ndani. Baba yake Lorna, aliyefuga ng'ombe wa maziwa maisha yake yote, alikuwa na neno moja zaidi: ukiuona umesimama wima, hauendi huku wala kule, usisubiri kuuona utalalia wapi. Upepo umeachia. Mkanda unageuka.

Tangu alfajiri mvuke ulikuwa umelalia kaskazini. Sasa ulikuwa umesimama wima kama mshumaa.

Akachukua simu kuwaita madereva wa mabasi warudi. Kidole kikiwa juu ya namba, akaangalia nje: jua. Theluji ya uwanjani ilikuwa inatoa machozi pembeni. Upande wa kaskazini, kweli, kulikuwa na ukuta wa wingu wa rangi ya risasi, lakini ulikuwepo tangu asubuhi, na utabiri ulisema jioni. Akamsikia Duane: umejipaka mafuta lakini? Akamwona yule mama na kikapu. Kuwarudisha watoto nyumbani kabla ya chakula, jua likiwa hivi, baada ya jana!

Akaweka simu chini. "Ngoja nione utalalia wapi," alisema peke yake.

Akakaa. Alitia sahihi barua mbili asizozisoma. Aliinuka, akatazama, akakaa. Mvuke bado wima. Kipindi kikaisha, watoto wakabadilishana madarasa, milango ikagonga, na kipindi kingine kikaanza. Alipotazama tena mvuke ulikuwa umekatika kiunoni na kulala moja kwa moja kuelekea dirisha lake, na ule ukuta wa kaskazini haukuwa tena mahali pake. Ulikuwa umesogea. Ulikuwa umemeza kilele cha mlima wa kwanza.

Hakuwa na shaka tena, ila ndiyo hivyo, maji yalikuwa yamefika shingoni. Alipiga simu. Mabasi yakaja mbio, watoto wakatoka wakivaa makoti huku wanakimbia, hakuna aliyekula supu. Basi la kwanza aliloliondosha lilikuwa lile la mlimani, kwa sababu ndilo lenye safari ndefu, na alifikiri litatangulia mbele ya dhoruba. Dereva wake alikuwa Arlene Widrick, mwanamke mnene mwenye sauti ya kuvunja kuni, aliyesoma na Lorna darasa moja tangu wakiwa hawajui kufunga kamba za viatu.

"Utawahi?" Lorna alimuuliza akiwa amesimama kwenye ngazi ya basi.

"Shoga, mimi nawahi hata harusi nisiyoalikwa. Shuka, unaniingizia baridi."

Lorna aliwatazama watoto. Hawakujaa; watoto wa mlimani si wengi. Kwenye kiti cha nyuma kabisa alikaa Wyatt, mjukuu wa Duane, amevaa kofia ya sufi ya babu yake imemfika puani, na alipomwona Lorna akaficha kitu haraka mfukoni. Kilimeremeta. Lorna akashuka.

Mabasi mengine yote yalikwenda bondeni na kusini, na moja baada ya jingine madereva wakamwarifu kwenye redio ya upepo kwamba wameshusha salama. Theluji ilianza kuanguka pale shuleni ikiwa nyepesi, kama mtu anayekung'uta meza. Halafu uwanja ukapotea. Halafu bendera. Halafu lile dirisha likawa karatasi nyeupe.

"Kituo, hapa basi la mlimani," redio ilikoroma.

"Sema, Arlene."

"Nimepita daraja, naipanda Barabara ya Kinu. Mbele naona ukuta. Lorna, huu si wa mchezo."

"Geuza urudi."

"Nigeuze wapi, shoga? Kulia mtaro, kushoto mtaro, na nyuma kumeshafunga. Basi si punda." Ikasikika sauti yake akiwaambia watoto wakae chini, wote, hata wewe. Kisha, "Nakwenda polepole, nafuata fito za kando ya barabara. Nikifika shambani kwa kina Zehr nita..."

Redio ikakoroma, ikanyamaza.

"Arlene? Basi la mlimani, nijibu." Hakuna. "Arlene!"

Lorna aliita mpaka midomo ikamkauka. Pale Barabara ya Kinu kuna bonde dogo ambako redio hufifia hata siku njema, hilo alilijua, na alijishika nalo kama mtu anayejishika na jani. Bernadette alikuwa amesimama mlangoni, mwiko bado mkononi.

Lorna alimpigia Duane. Alimweleza yote kwa maneno machache. Upande wa pili ulisikika muungurumo wa injini.

"Wyatt yumo," alisema Duane.

"Yumo."

"Vaa viatu vizito. Nakupitia."

Lori la Duane lilikuwa refu kama nyumba, na mbele lilibeba jembe la chuma pana kuliko barabara ya kijijini. Lorna alipanda, akafunga mlango, wakaondoka. Duane hakutania. Alikuwa ameegemea usukani, pua karibu iguse kioo, akizihesabu kwa macho zile fito ndefu ambazo kila msimu wa majani kuanguka watu huzichomeka kandokando ya barabara ili theluji ikifunika kila kitu ijulikane njia ilikuwa wapi. Ufito mmoja ulijitokeza, ukapita. Kisha weupe. Kisha mwingine.

"Niliuona mvuke umesimama," Lorna alisema.

Duane hakugeuka. "Lini?"

"Mapema. Kipindi kizima kabla. Ningewatoa wakati ule wangekuwa nyumbani wanakunywa kakao."

"Mbona hukuwatoa?"

Lorna alitazama jembe likiirusha theluji kama wimbi. Angeweza kusema utabiri. Angeweza kusema Pasaka. "Niliogopa kuchekwa," alisema.

Duane alizidi kuegemea usukani. Ufito mwingine ukapita.

Walivuka daraja. Walipoanza kuipanda Barabara ya Kinu upepo uliwajia kwa ubavu, na fito zikaacha kuonekana kabisa. Hapakuwa tena na juu wala chini. Ni kama mtu amewavika foronya kichwani. Duane alipunguza mwendo, akapunguza tena, mwisho akakanyaga breki, na lori likasimama likitetemeka.

"Kwa nini umesimama?" Lorna alipaza sauti. "Wako mbele! Watakuwa wamezima injini, wataganda!"

"Ndiyo maana nimesimama!" Duane naye akapaza. "Wako mbele, na sijui mbele wapi. Unajua hili jembe lina uzito gani? Nikisogea nikakuta basi limesimama njiani, sitaliona mpaka nimeligonga. Nitawagonga kwa nyuma, Lorna. Yule mtoto hukaa nyuma. Kila siku namwambia kaa mbele, anakaa nyuma!"

Lorna hakuwahi kumwona hivyo. Wakakaa, injini inanguruma, theluji inajaa juu ya boneti. Kukaa pale ni kuwaacha watoto kwenye baridi. Kusogea ni kuwaponda.

"Una kamba?" Lorna aliuliza.

"Ninayo."

"Nifunge. Nitatembea mbele. Nikivuta mara moja, simama. Nikivuta mara mbili, sogea."

"Wewe? Utapeperushwa kama leso."

"Ndiyo maana nimesema nifunge."

Duane alimfunga kiunoni fundo la kufungia ng'ombe, akaipitisha kamba dirishani na kuishika kwa mkono wa kushoto. Nyuma ya kiti chake alikuwa na fito za akiba, akampa mmoja. Lorna akashuka.

Baridi ilimpiga kifuani pumzi ikamtoka. Theluji ilimfika magotini, pengine mapajani. Alichoma ufito mbele yake, akasukuma, akasikia chini barabara ngumu; akachoma kulia, ukazama hadi mkononi: mtaro. Akarudi kati. Akavuta kamba mara mbili. Nyuma yake lori likanguruma na kusogea, na yeye akakisikia kile chuma kikija mgongoni mwake bila kukiona. Akavuta mara moja. Likasimama. Choma, piga hatua, vuta. Choma, piga hatua, vuta. Alimwita Arlene kwa jina, upepo ukamrudishia jina mdomoni.

Akasikia honi. Au alidhani. Ilikuwa nzito na ya mbali, kama ng'ombe anayelia ndani ya pipa, na haikuwa na upande. Mara kulia, mara nyuma, mara ndani ya masikio yake mwenyewe. Akageuka huku na huku hadi akapoteza mbele iko wapi. Ilibidi aifuate kamba kwa mikono mpaka akagusa jembe la lori, abishe hodi mlangoni.

"Zima injini!" alimwambia Duane.

"Nikizima haitawaka tena kwa baridi hii!"

"Zima, Duane. Sisikii!"

Akazima.

Kukawa na upepo tu. Honi ikalia tena, chafu, haina pa kuishika. Na chini ya honi, kitu kingine. Ka, ka, ka, ka. Kikakoma. Ka, ka, ka, ka, ka. Kikali, chembamba, chuma juu ya chuma, vingi kwa pamoja, vingine vikichelewa kama watoto wanaopiga makofi nje ya wimbo.

"Ni minyororo ya tairi?" Duane alinong'ona.

"Minyororo haigongi na kukoma kama watu," alisema Lorna. "Ni vijiko."

"Nini?"

"Vijiko vya Bernadette! Hawakula, hawakurudisha. Wanavyo!"

Sauti ile ilikuwa na upande. Ilitoka mbele, kushoto kidogo. Lorna aliielekea, ufito mbele, bila kuvuta kamba, bila kumruhusu Duane awashe chochote. Choma. Hatua. Choma. Ka, ka, ka, karibu sasa, karibu mno. Akachoma tena na ufito ukagonga kitu kilichojibu kwa mlio wa bati. Akanyoosha mkono, na ndipo tu, kiganja kikiwa juu yake, akaiona rangi ya njano ya basi.

Nyuma yake kamba ilikuwa fupi kuliko alivyodhani. Lori lilikuwa pale pale. Kama lingesogea tena mara mbili au tatu, jembe lingekuwa limelala ndani ya viti vya nyuma.

Aligonga kwa ngumi. Ndani vijiko vikakoma ghafla, kisha kelele zikalipuka. Mlango ukafunguliwa kwa kusukumwa na mabega, Arlene akachungulia, nyusi zimejaa barafu.

"Umechelewa," alisema, meno yakigongana. "Na harusi imekwisha."

"Wote wapo?"

"Wote. Nimewabana mbele kama sigara kwenye pakiti. Nyuma nimepakataza, nilijua kuna mwendawazimu atakuja na jembe." Alimwona Duane anayejikokota kando ya basi. "Huyo hapo. Injini nimezima kitambo, moshi ulikuwa unarudi ndani. Pua ya basi imezama kwenye rundo, honi imejaa theluji, inalia kama mgonjwa. Wyatt ndiye alianza kugonga dirisha na kijiko. Nikataka kumnyang'anya. Kisha nikasema, jamani, mwenye kijiko na agonge! Shoga, walikuwa navyo wote. Wezi watupu hawa."

Duane alikuwa ameshapanda ndani. Alimshika mjukuu wake, akamvua ile kofia, akamnusa nywele, akamvisha tena.

"Babu, unaniumiza," alisema Wyatt.

"Nyamaza."

Lori liliwaka baada ya kubembelezwa sana. Arlene alijua waliko sasa: lango la kina Zehr lilikuwa ng'ambo tu ya lile rundo, mwendo wa kutupa jiwe. Duane alilipasua rundo akizunguka basi taratibu, kisha watoto wakatoka mmoja mmoja wameshika kamba ile ile, Lorna mbele, Arlene nyuma. Enos Zehr na mkewe, wazee wa dhehebu la Kimenoni wanaofuga ng'ombe, waliwafungulia mlango wa majira ya baridi, ule ulio juu ya ngazi ili theluji isiufukie. Hawakuuliza maswali. Palikuwa na maziwa ya moto, mkate na jemu nzito ya tofaa, na jiko la kuni lililokuwa jekundu ubavuni. Watoto walilala pale sakafuni chini ya mablanketi ya viraka. Lorna aliwapigia wazazi wote yeye mwenyewe, na kwa kila mmoja alisema maneno yale yale: yuko salama, na kosa lilikuwa langu.

Duane alikuwa amekaa karibu na jiko, Wyatt amelala mapajani.

"Kile kicheko cha dukani," alisema mwishowe, bila kumtazama, "nilikianza mimi."

"Wewe ulicheka tu. Simu ilikuwa mkononi mwangu."

Akakubali kwa kichwa. Hakumbembeleza, na Lorna alimshukuru kwa hilo.

Jumatano malori yalisafisha, watoto wakarudishwa makwao, na shule haikufunguliwa, hilo halikuhitaji utabiri. Alhamisi ndiyo iliyohitaji. Lorna aliamka kukiwa bado giza, akavaa koti juu ya nguo za kulalia, akaendesha mpaka kwenye kilima kinachoutazama mnara. Taa za kiwanda ziliung'arisha mvuke kutoka chini. Ulikuwa umesimama wima.

Redio ilisema mkanda huenda ukapita mbali. Huenda. Akakumbuka likizo ya Pasaka, na mama mgonjwa wa yule mama wa dukani. Aliogopa, kwa kweli aliogopa kama juzi. Akachukua simu na kufunga shule.

Jua likatoka. Likawaka tangu asubuhi mpaka jioni.

Jioni alikwenda dukani, maana mayai bado hakuwa nayo. Walikuwepo wote. Yule mama wa kikapu alikuwepo pia, na alimtazama bila kutabasamu.

"Pasaka yangu, Lorna," alisema.

"Najua, mama. Nimeikata. Ukitaka kunigombeza, mimi nipo."

Yule mama hakugombeza. Hakusamehe pia. Alihamisha kikapu mkono wa pili na kurudi kwenye foleni.

Duane alikuwa penye birika la kahawa. Alikohoa. Wenzake wakamwangalia, wakangoja.

"Leo jua lilikuwa kali, mkurugenzi," alisema taratibu.

"Lilikuwa kali sana," alisema Lorna. Akaweka mayai juu ya meza ya muuzaji. "Nipe na mafuta ya kujipaka. Chupa mbili. Majira ya baridi bado marefu."